Everlyne Chelagat wa Kwanza, Aliyeogopa Kuketi

Alizaliwa mwezi wa Aprili mwaka wa 1979, kwenye mteremko wa Mlima Elgon upande wa Bungoma, mtoto wa nne wa Mzee Kimeli, mkulima wa viazi na kabeji. Alibatizwa Everlyne, na nyumbani akaitwa Chelagat. Kanisa halijamtangaza mtakatifu, nasi hatuna mamlaka ya kulitangulia Kanisa; tukimwita hivyo hapa, tunatumia vinywa vya waamini wa kijiji cha Kwanza, Trans-Nzoia, waliokaa naye. Anayetafuta mtoto aliyezaliwa na nuru usoni, aliyekataa kunyonya siku za Ijumaa, atafute kitabu kingine. Chelagat alizaliwa mwoga, akakua mwoga, akaolewa mwoga. Aliogopa ng'ombe, radi, mwalimu wa hesabu na mto ukijaa. Lakini woga uliomtawala kuliko wote aliupata nyuma ya ghala la baba yake.

Huko nyuma ya ghala kulikuwa na kibanda, na ndani ya kibanda aliishi shangazi yake, Chepkemoi. Shangazi huyu alikuwa ameshikwa na uchungu wa kuzaa siku tatu, mtoto akatoka amekufa, na tangu siku hiyo mkojo ukawa unamdondoka mchana kutwa usiku kucha bila yeye kuuruhusu. Mumewe alimrudisha kwao pamoja na sufuria zake. Watu wazima walisema amelaaniwa, watoto wakaziba pua. Chelagat, akiwa na miaka saba, ndiye aliyetumwa kumpelekea chakula, na alikuwa akibana pumzi kabla ya kufika, anaweka sahani kizingitini, anakimbia. Mara moja shangazi alimwahi mkono. "Usiniogope mimi, mtoto wangu," akamwambia. "Ogopa siku yako ya kuzaa." Alikuwa akimhurumia, si kumtisha, lakini mtoto hajui tofauti. Chepkemoi alifariki mwaka wa 1989, akazikwa na watu wachache na kwa haraka. Chelagat hakulia, maana hofu ilikuwa imeshachukua nafasi ya machozi.

Mwaka wa 1999 aliolewa na Matthew Kipkosgei, mkulima wa mahindi huko Kwanza, mtu mpole asiyependa maneno mengi. Watoto wawili wa kwanza walikuja vizuri. Wa tatu, Kim, alizaliwa Aprili 2008 baada ya uchungu ulioanza Alhamisi na kwisha Jumamosi, naye alikuwa na kilo nne na nusu. Kina mama walipiga vigelegele kwa ukubwa wake. Majuma mawili baadaye palizi ilikuwa imefika, na palizi haimsubiri mzazi. Chelagat akashika jembe, akabeba mitungi ya lita ishirini, akaendelea kama ilivyo desturi ya wake wa Trans-Nzoia. Siku moja kisimani, akiwa amezungukwa na majirani, alikohoa. Akahisi ujoto unamshuka miguuni hadi kwenye ndara. Kabla mtu hajatazama chini, aliuinamisha mtungi wake na kujimwagia maji yote mwilini, akasema umemponyoka. Wenzake walicheka, naye akacheka pamoja nao, mdomo umefungwa. Moyoni alikuwa anamwona shangazi yake.

Tangu siku hiyo akajifunza ufundi wa kujificha, na katika ufundi huo hakuwa na mwenzake. Alivaa sketi nyeusi tu na kufunga sweta kiunoni hata jua likiwaka. Alikata blanketi kuukuu vipande vipande, akavifua kwa siri na kuvianika ndani ya banda la kuku. Alijua kila choo kilichopo kati ya Kwanza na Kitale, kipi kina mlango na kipi kina pazia. Aliacha kuimba sauti ya kwanza kwa sababu ilimkaza tumbo. Wahenga walisema kikulacho ki nguoni mwako, na kwake msemo huo haukuwa na fumbo lolote. Jumapili ndiyo iliyomtisha zaidi, kwa kuwa Misa ya Wakatoliki ni kuketi na kuinuka, kupiga magoti na kuinuka, na ni pale pale alipoinuka ndipo mkojo ulipomtoka. Akaona heri asikae kabisa. Akasimama nyuma karibu na mlango, mgongo ukutani, kuanzia wimbo wa kuingia hadi baraka ya mwisho. Na ili kibofu kiwe kikavu, aliacha kunywa maji tangu Jumamosi mchana.

Hapa ndipo sisi watu wa Kwanza tulipokosea, na ni haki tuliandike kosa letu. Mzee Kagwe, katekista wetu, mtu mwema lakini mwepesi wa kuona miujiza, alimtazama mama huyu mwaka mzima. Hakai, hanywi, hacheki ovyo, macho yako chini. Jumapili ya Matawi ya mwaka 2012 akamfanya mfano katika mafundisho yake. "Mnamuona Mama Chelagat? Nyinyi mnasinzia kwa benchi, yeye anasimama mbele ya Bwana kama malaika! Ati tone la maji haligusi!" Watu waligeuka nyuma wote kwa pamoja. Chelagat alidhani ameonekana. Akashika fremu ya mlango, machozi yakamtoka. Machozi hayo nayo yakahesabiwa kuwa ni unyenyekevu. Kuanzia hapo akaitwa Mama Asiyeketi, na watu walimletea watoto wagonjwa awawekee mikono. Aliwawekea, huku akiomba kimya kimya kwamba wasije wakasogea karibu mno wakasikia harufu.

Hata nyumbani sifa hiyo ilimfuata. Alikuwa ameacha kulala na mumewe, akahamia kwa watoto, kwa kuogopa kwamba Matthew angegundua godoro lililolowa na kumrudisha mlimani na sufuria zake. Matthew alikwenda kumlalamikia katekista kwa aibu kubwa, na Kagwe akamjibu kwamba mwanamke aliyeitwa na Mungu hazuiwi. Basi Matthew akanyamaza. Akawa anamwamkia mkewe kama mtu anavyomwamkia sista wa misheni. Chelagat alikuwa na mume ndani ya nyumba moja, na alimkosa kila siku. Alilia juu ya jambo hilo kuliko jambo jingine lolote, na hakuwa na wa kumweleza.

Katika jumuiya yetu kulikuwa na mke kijana, Wakiuru, binti wa wale waliohamia Trans-Nzoia kutoka Nyeri zamani. Alikuwa na watoto wawili wadogo na alimpenda Chelagat kupita kiasi. Kwaresima ya mwaka 2019 akaamua kumfuata katika yote: akasimama nyuma naye, akaacha maji naye. Lakini Chelagat aliacha maji nusu siku ya Jumamosi na asubuhi ya Jumapili tu. Wakiuru, kwa kuwa bidii ya mfuasi huzidi ya kiongozi, aliacha maji siku nzima, siku baada ya siku. Jumapili ya nne ya Kwaresima alianguka chini wakati wa mageuzo ya mkate na divai, mwili unawaka moto. Walimkimbiza hospitalini Kitale, na ikaonekana kwamba maambukizi ya njia ya mkojo yamepanda hadi kwenye figo. Siku tatu haikujulikana kama atapona.

Siku ya nne Chelagat alikwenda kumtazama, akakaa ukingoni mwa kitanda kwa sababu hapakuwa na mwingine wa kumwona. Wakiuru akamvuta karibu. "Mama, mimi huwa navuja mkojo," akasema kwa sauti ya chini kabisa. "Tangu nizae huyu wa pili. Nilifikiria nikifunga kama wewe, Mungu atanikausha. Usiambie mtu." Hapo hapo Chelagat angeweza kusema, na maneno mawili tu yangetosha: hata mimi. Hakusema. Alimpapasa mkono, akamwambia atamwombea, akatoka nje na kuegemea ukuta, na hapo akajichukia kwa mara ya kwanza maishani. Muuguzi mmoja wa wodi ile, mama wa makamo, alimfuata na kumuuliza kama huyo ni binti yake. "Mwambie akipona aende Bungoma," akasema. "Kuna daktari wa mazoezi anaitwa Jentrix. Hii kitu inatibiwa. Wanakuja hapa wengi, wamejikausha mpaka figo zinaoza." Chelagat aliuliza kliniki hiyo iko barabara gani, akisema ni kwa ajili ya binti.

Alikwenda peke yake mwezi wa Mei, akijifunika leso hadi kwenye nyusi, ingawa Bungoma mjini hakuna aliyemjua. Alifika mlangoni mwa kliniki ile ndogo karibu na reli, akageuka, akaenda hadi sokoni, akarudi, akageuka tena. Mara ya tatu mwenye kliniki mwenyewe alitoka nje. "Mama, umepita hapa kama mtu wa kupima barabara," Jentrix akasema. "Ingia. Hakuna kitu utaniambia sijasikia." Chelagat akaingia. Jentrix alimweleza kila jambo kabla ya kulifanya, akamwomba ruhusa kabla ya kumgusa, na akamwambia kwamba akisema acha, ataacha. Kisha akamwambia akohoe. Chelagat akakataa. Alikuwa hajakohoa kwa nguvu mbele ya mtu kwa miaka kumi na moja. "Pore pore, mama," akasema Jentrix kwa Kiswahili cha kwao. "Hapa ndiyo mahali pa kukohoa." Akakohoa, ikatoka, na hakuna aliyeziba pua.

Baadaye Jentrix alimweleza kwa maneno ambayo Chelagat aliyarudia maisha yake yote. Chini ya nyonga, alimwambia, kuna misuli iliyotandazwa kutoka mfupa wa mbele hadi kwenye kifupa cha mkia, kama leso ya kubebea mtoto. Hiyo ndiyo imebeba kibofu, kizazi na njia ya haja kubwa. Uchungu mrefu, mtoto mkubwa, mizigo mizito kabla mwili haujapona, kikohozi kisichoisha, hata choo kigumu, vyote huivuta ikalegea. "Sasa leso ikilegea utaitupa na mtoto? Si unafunga tena!" Akamfundisha kukaza pale mtu anapozuia mkojo na hewa, bila kubana tumbo wala makalio wala pumzi, kuhesabu hadi anapoweza, kisha kuachilia kabisa, kwa kuwa kuachilia nako ni kazi, mara kumi, asubuhi, mchana na jioni, kwa miezi mitatu bila kukata tamaa. Akamwambia akaze kabla ya kukohoa na kabla ya kuinuka, na atoe pumzi anapoinua mzigo. Kizazi kilikuwa kimeshuka kidogo, akawekewa pete laini ya kukishikilia. Na akaamriwa kunywa maji, kwa kuwa mkojo mkali hukichokoza kibofu na kukifanya kidai choo kila saa. Chelagat aliuliza swali moja tu, juu ya shangazi. Jentrix alisikiliza hadi mwisho. "Ile ilikuwa fistula, mama. Ilikuwa shimo, si kulegea. Hiyo mazoezi haiwezi, lakini siku hizi inashonwa, na wengi wanapona." Hapo ndipo Chelagat alipomlilia Chepkemoi, miaka thelathini baada ya mazishi.

Alirudi Kwanza na siri yake, akitarajia kupona kimyakimya na kuiacha sifa ife yenyewe. Mungu hakumpa njia hiyo. Wakiuru alikuwa ametoka hospitalini akiwa hai, na kupona kwake kukahesabiwa muujiza wa kwanza wa Mama Asiyeketi. Mwishoni mwa Julai, Mzee Kagwe akatangaza kwamba kabla ya sikukuu ya Kupalizwa Bikira Maria, kina mama wote watafunga siku tatu bila maji, na mfungo huo utaitwa jina la Mama Asiyeketi. Wanawake arobaini na mmoja walijiandikisha, wawili kati yao wana mimba. Wa kwanza katika orodha alikuwa Wakiuru.

Chelagat alikaa majuma mawili akipambana. Aliomba mvua inyeshe barabara ikatike, aliomba augue, aliomba katekista asahau. Alimwendea Kagwe faraghani kumwomba aufute mfungo, naye akamsifu kwa unyenyekevu wake. Kila alipofikiria kusema, alikiona kile kibanda nyuma ya ghala, na Matthew akizipanga sufuria. Lakini akifikiria kunyamaza alimwona Wakiuru sakafuni. Mficha uchi hazai, husema wazee. Chelagat aliona kwamba mficha uchi anaweza pia kuua.

Jumapili ya tarehe 11 Agosti 2019, mfungo ukitarajiwa kuanza kesho yake, Kagwe alipomaliza matangazo Chelagat alitoka mlangoni akapita katikati ya kanisa. Watu walidhani anakuja kubariki. Waliokuwa mbele wanasema alishika kila benchi alilopita, kama mtu ambaye miguu inamkataa. Kisha akasema, na tunayaandika maneno yake kama alivyoyasema: "Mimi sisimami juu ya utakatifu. Nasimama juu mkojo hunitoka nikiinuka. Maji siachi juu ya Mungu, naacha juu ya woga. Mungu hajaniambia kitu. Msifunge, tafadhali. Mtaumia bure, na itakuwa mimi nimewaua." Akakaa. Alikaa pale pale kwenye benchi la mbele, kati ya mwenyekiti wa kina mama na mke wa mzee wa kanisa, na wote wawili wakasogea upande. Kijana mmoja akacheka. Hakuna aliyesema amina.

Nje, Mzee Kagwe alimfuata. "Mama, si ungenyamaza tu? Watu walikuwa wanasaidika." Twakiri kwamba wengi wetu siku hiyo tulikubaliana na katekista. Tulikuwa tumenyang'anywa malaika wetu na kupewa mama anayekojoa. Mwenyekiti wa kina mama akatuma mtu kuchukua sare ya chama kwa Chelagat. Matthew alikuwa ametangulia njiani, naye Chelagat akamfuata kwa mbali, akihesabu moyoni atabeba nini kurudi mlimani. Penye daraja Matthew alisimama akamngoja. "Miaka kumi na moja," akasema, "nilifikiria umeolewa na Mungu. Nilikuwa naogopa hata kukugusa." Akamjibu, "Na mimi nilikuwa naogopa utanirudisha." "Ungeniambia, tungeogopa pamoja," akasema Matthew. Wakaenda nyumbani.

Mfungo haukufanyika. Jumatatu, Wakiuru alikuja akiwa na uso uliovimba kwa kulia, akiwa na hasira. "Nilikuambia pale hospitali, na ukaninyamazia!" Chelagat alipiga magoti, akamwomba msamaha, na Wakiuru hakumpa siku hiyo, alimpa Alhamisi, ndani ya gari la kwenda Bungoma. Kisha kina mama wengine wakaanza kuja, mmoja mmoja, kila mmoja na kisingizio chake. Huyu amekuja kuazima chekeche, yule amepita kuulizia mbegu. Wa tano alikuwa mwenyekiti mwenyewe, amekuja kurudisha sare, na alipomaliza kuirudisha hakuondoka. Chelagat alichemsha chai, akamimina vikombe viwili, akangoja.

Kwa miaka minne iliyofuata hakufanya kazi nyingine kubwa kuliko hiyo. Aliwasindikiza Bungoma walioogopa kwenda, na baadaye akamshawishi Jentrix kuja Kwanza mara moja kwa mwezi. Alikwenda Kipsongo, mtaa wa mabanda wa Kitale, kwa wanawake wanaobeba makaa na mchanga, akakaa nao chini kwenye vumbi na kuanza kwa kusema ya kwake. Jambo moja alilikataza kwa ukali: mtu asimwige yeye. Alikuwa amejifunza kwamba wengine misuli yao haijalegea bali imejikaza kwa maumivu, na wakizidi kukaza wanajiumiza. Na wengine wanahitaji upasuaji. "Usinifuate mimi," alikuwa akisema. "Enda ukapimwe." Na katika miaka hiyo yote hakuacha kuogopa. Kila mara kabla ya kuongea mikono yake ilitoka jasho, akaipangusa kwenye sketi, akaongea.

Juni 2023 alishikwa na homa ya mapafu wakati wa baridi kali. Alikohoa siku tano mfululizo, na kikohozi hicho kilishinda mazoezi yote. Chumba kilikuwa kimejaa watu waliokuja kusali, wanaume kwa wanawake, Mzee Kagwe akiongoza rozari. Katikati ya fumbo la tatu Chelagat akamwita Wakiuru. "Nibadilishie shuka," akasema. "Imelowa." Hakupunguza sauti. Wakiuru akabadilisha, Matthew akamwinua mkewe, na Mzee Kagwe akaendelea na Salamu Maria pale alipokuwa amefikia. Alifariki siku iliyofuata, tarehe 22, akiwa na umri wa miaka arobaini na minne.

Wanaouliza juu ya miujiza tunawajibu kwa ukweli. Wapo waliosali kaburini kwake wakiomba kukauka, na hakuna hata mmoja aliyekaukia pale. Mmoja alisali siku tisa, na siku ya tisa akakutana njiani na Wakiuru, naye Wakiuru akampandisha gari la Bungoma. Akapona baada ya miezi minne. Inaonekana Chelagat akiombwa hutuma mtu. Tumwige basi, si katika kusimama kwake wala katika kiu yake, bali katika siku ile alipopita katikati ya kanisa huku miguu inakataa. Hakungoja woga wake uishe ndipo aseme. Angengoja, tungekuwa tumezika wanawake.

Mwaka jana aliolewa Kwanza binti mmoja kutoka Kitale, Nduta, akajifungua, na baada ya majuma sita akaja kwenye jumuiya na mtoto mgongoni. Ilipofika zamu yake ya kutaja maombi, alisema, "Mtoto ana mafua kidogo. Na mimi navuja mkojo nikicheka, sijui ni nani anajua daktari." Akasema hivyo mbele ya watu ishirini, akimfuta mtoto kamasi. Mwenyekiti akamtajia siku ya Jentrix, Wakiuru akasema watakwenda pamoja. Nduta akashukuru, kisha akatazama huku na huku, akashangaa. "Kwani nimesema nini?" akauliza. "Mbona mnalia?"